Nimekwama sura ya nne: dakika za mwenye leseni zinatoka wapi?

#1 KalamuKavu
Wakuu, salaam. Naandika riwaya na sura ya nne imegoma. Nahitaji vichwa vyenu, sifa baadaye.

Kuna kisiwa cha kubuni, Ramata, watu kama 12,000. Huko wamegundua nishati ya muda. Unaingia ndani ya kinu, unafanya kazi zako saa nzima, ukitoka nje zimepita dakika arobaini tu. Ishirini umezivuna. Kwa kuwa kila mtu angetaka, imeundwa Mamlaka ya Nishati ya Muda na huwashi kinu bila leseni. Madaraja matatu: la kwanza hospitali na zimamoto, la pili viwanda, mashine za kusaga na wachapaji, la tatu mtu binafsi, dakika 20 kwa siku, marufuku kuuza wala kuazimisha. Kila kinu kina mita na mita ina lakiri. Ukikata lakiri unafungiwa mwaka mzima.

Shujaa wangu ni mkaguzi, Zuhura. Katika sura ya nne anajumlisha mita zote za kisiwa anakuta saa 400 zinavunwa kila siku, na hakuna hata mtu mmoja anayelalamika kupungukiwa. Hizo saa 400 zinatoka wapi? Nataka jibu ambalo msomaji hatatupa kitabu. Uchawi sitaki.

#2 Kijiwe_Nongwa
Kisiwa, mitambo ya ajabu, halafu uchawi hutaki. Haya, tuone. Nimekaa na kahawa yangu.

#3 Fundi Mwanga
Mimi ni fundi umeme mwenye leseni, Morogoro. Kabla ya kuuliza dakika zinatoka wapi, rekebisha kwanza mfumo wako. Hauna vishoka, yaani mafundi wasio na leseni! Mfumo wa leseni usio na vishoka haujawahi kuwepo duniani.

Huku kwetu EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, inatoa leseni za ufungaji umeme kwa madaraja. Unapeleka vyeti, unaonyesha uzoefu, unapangiwa kiwango cha kazi unachoruhusiwa kugusa. Sawa. Lakini mteja haangalii daraja, anaangalia bei. Anamwita kijana wa mtaani anafunga nyumba nzima kwa nusu ya bei yangu, halafu jioni napigiwa simu: "Fundi, njoo utugongee muhuri tu, kazi imeshakwisha." Yaani nikodishe leseni yangu kwa kazi ambayo sikuiona hata waya mmoja. Nikikataa naitwa mwenye roho mbaya.

Kwa hiyo Zuhura asijumlishe mita tu. Mita zinasoma saa 400? Mimi nitasema matumizi halisi ni 600. Weka na wenye leseni wanaokodisha leseni.

#4 KalamuKavu
Fundi, hiyo ya kukodisha muhuri naichukua jinsi ilivyo. Lakini umenizidishia deni, sasa natafuta saa 600.

#5 Mwl. Nukta
Nafundisha fizikia sekondari, Moshi. Mtoa mada amegusa jambo zito kuliko anavyodhani.

Sababu ya sisi kusema nishati haiumbwi wala haipotei ni kwamba sheria za maumbile ni zilezile jana, leo na kesho. Hilo lilithibitishwa kihesabu na Emmy Noether, Mjerumani, mwaka 1918. Ukitaka "nishati ya muda" ya kweli, lazima kwenye Ramata sheria za maumbile ziwe zinabadilika kidogo kidogo kadiri siku zinavyokwenda. Hapo ndipo nishati inaweza kujitokeza bila kuibiwa kwa mtu. Hilo jibu la kwanza, na ni gumu kuliandikia riwaya.

La pili ni jepesi. Saa kwenda kwa mwendo tofauti siyo ubunifu. Saa za satelaiti za GPS huwahi zile za ardhini kwa mikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 hivi kila siku, na wahandisi hulazimika kuzirekebisha. Hata hapa kwetu, saa iliyo kileleni Kilimanjaro, mita 5,895, inawahi iliyo usawa wa bahari kwa takriban nanosekunde (sehemu za bilioni za sekunde) 55 kwa siku. Mvuto ukipungua, saa inakimbia.

#6 Kijiwe_Nongwa
Ndiyo maana Wachaga wanachelewa kuzeeka. Kumbe wana leseni daraja la kwanza toka enzi.

#7 Mwl. Nukta
Umegeuza. Aliye juu saa yake inakimbia, kwa hiyo anazeeka mapema. Na hakuna Mchaga anayeishi kileleni, kule juu wanakwenda watalii na wapagazi.

#8 Kijiwe_Nongwa
Basi wapagazi walipwe ova taimu ya nanosekunde.

#9 Baridi_Kali
Niko Toronto, usiku huku, usingizi hamna. Nishati ya muda ilishawahi kuwa nadharia ya mtu mzima mwenye digrii. Alikuwepo mtaalamu wa nyota wa Kisovieti, Nikolai Kozyrev, alifungwa na Stalin kwa sababu ya kudai kwamba nyota zinawaka kwa nishati inayotokana na muda wenyewe. Hiyo inakupa jibu: saa 400 zinatoka kwenye mtiririko wa muda, kama kinu cha maji mtoni. Mto haulalamiki.

#10 Msomi_Kiasi
Baridi_Kali, mtu ni sahihi, kesi siyo. Kozyrev alikamatwa 1936 kwenye kamatakamata ya wakati ule iliyokumba wanaastronomia wengi wa Leningrad, akaachiwa baada ya miaka kumi. Kitabu cha nadharia yake ya muda kilitoka 1958. Alikuwa akipima uzito wa jairoskopu, magurudumu yanayozunguka kwa kasi, akidai muda unazisukuma. Wanasayansi wenzake hawakukubali, ila hakufungwa kwa ajili hiyo.

Na mimi ni mwanafunzi wa sheria, siyo fizikia, kwa hiyo swali langu ni lingine: hiyo Mamlaka inasimamia kitu cha nani? Leseni hutolewa juu ya kitu ambacho dola inadai ni chake au cha umma: masafa ya redio, madini, samaki. Kama muda wa Ramata ni mali ya umma, basi kila mkazi ana hisa, na saa 400 zinatoka kwake hata kama haoni.

#11 Mwl. Nukta
Msomi, umenipa hesabu. Saa 400 ni dakika 24,000. Gawanya kwa watu 12,000: dakika mbili kwa kila mtu kwa siku. Nani atazihisi dakika mbili?

Sasa sikiliza, KalamuKavu. Huenda kinu chako hakikimbizi chochote. Huenda kinachofanyika ni kisiwa kizima kucheleweshwa kidogo ili ndani ya kinu muda uonekane mrefu. Wote wanacheleweshwa sawasawa, saa zao zote zinakubaliana, hakuna wa kulalamika. Hilo ndilo jibu lako.

#12 KalamuKavu
Mwalimu! Naandika.

#13 BintiShangani
Asiandike kitu, subirini kwanza. Nyie watu wa bara mnadhani kisiwani watu wanaangalia saa za ukutani.

Dakika mbili kwa siku, mwezi ukiisha ni saa nzima. Baba yangu mvuvi, hana saa, lakini anajua bamvua (maji makubwa) linaanza lini na maji mafu (madogo) lini. Maji hujaa na kupwa yakisogea kama dakika hamsini kila siku, na yeye anayafuata kichwani. Mkichelewesha kisiwa, mwezi hamjauchelewesha. Mvuvi wa Ramata ataamka kwenda dau lake atakuta maji yashatoka, dau limekaa mchangani. Mara moja atasema kapitiwa na usingizi. Mara ya tatu atakwenda kumtafuta huyo Zuhura wenu.

Na nahodha anayetoka nje ya kisiwa je? Atafika na saa yake inatofautiana na ya bandarini.

#14 Mwl. Nukta
Hoja ya bahari naikubali. Hata jua lingewasaliti: kwa saa zao, adhuhuri ingekuwa inawahi dakika mbili kila siku.

#15 BintiShangani
Jua lina dawa yake. Kwetu siku inaanza magharibi. Usiku wa Ijumaa ni ule wa Alhamisi jua likishazama. Sasa Mamlaka ikitoa amri kwamba kila jioni jua likizama saa zote za kisiwa zirudishwe saa kumi na mbili kamili, kuna mtu atajua kaibiwa? Kila magharibi ushahidi unafutwa, na watu wanaona ndiyo utaratibu wa dini na mila.

Lakini maji ya bahari hayarudishwi na amri ya mtu. Kwa hiyo wavuvi ndio watakaojua mwanzo.

#16 Fundi Mwanga
Huyu dada apewe nusu ya mauzo ya kitabu.

#17 Nyanya_Mbichi
Sasa wadau. Niko Nairobi, nauza mboga, lakini hii thread imenishika. Mimi sikubaliani na hiyo hesabu ya kila mtu dakika mbili mbili. Hakuna kitu huwa kinagawanywa sawa hivyo.

Angalieni mambo ya stima, yaani umeme, huku Kenya. Kuanzia Desemba 2017 viwanda vikubwa vilipewa bei ya usiku: ukitumia stima zaidi ya kiwango chako cha kawaida kati ya saa nne usiku na saa kumi na mbili asubuhi, ile ya ziada unalipa nusu. Ni sera nzuri, usiku stima ilikuwa inabaki. Lakini binamu yangu yuko kwa kiwanda fulani, wakaleta shifti ya usiku ndio wapate hiyo bei. Mwenye kiwanda aliokoa pesa. Binamu yangu mtoto wake anamuona Jumapili. Kwa hiyo hizo masaa 400 zimetoka kwa usingizi wa watu wachache, na hao watu hawalalamiki kwa sababu wanahitaji kazi.

#18 Msomi_Kiasi
Nyanya_Mbichi umeeleza bei, siyo leseni. Ni vitu viwili. Bei inakushawishi, leseni inakukataza.

#19 Nyanya_Mbichi
Kijana wa sheria, njoo sokoni Gikomba saa kumi alfajiri nikuonyeshe tofauti yake ni gani.

#20 Kijiwe_Nongwa
Mtoto wa watu kaitwa Gikomba saa kumi alfajiri. Akienda aache simu nyumbani.

#21 Msomi_Kiasi
Narudi kwenye mada. Mamlaka kama hiyo haina haja ya kuwa ya kubuni kabisa. Uingereza iliwahi kutoza kodi saa zenyewe: ya ukutani shilingi tano kwa mwaka, ya mfukoni ya dhahabu shilingi kumi. Ikawatajirisha kwa miaka mingi sana.

#22 Baridi_Kali
Zamu yangu kukurudisha darasani, mkuu. Ile kodi ya waziri mkuu Pitt ilipitishwa 1797 ikafutwa 1798. Watu walificha saa zao au wakaacha kununua, mafundi saa wakakosa kazi, na serikali haikupata ilichotarajia.

Ila kama unataka mtu aliyeishi kwa kuuza muda, mchukue Ruth Belville wa London. Alikuwa na saa nzuri ya mfukoni, kila wiki anakwenda Greenwich, kituo cha kuangalia nyota, inalinganishwa na saa ya pale, anapewa cheti cha usahihi, halafu anazunguka kwa wateja wanaolipa ili waitazame tu. Alifanya hivyo mpaka 1940, telegrafu na redio zipo. Mama yake alimtangulia katika kazi hiyo, na kabla yao baba. Hiyo ndiyo leseni ya muda: karatasi ya Greenwich mkononi.

#23 KalamuKavu
Huyo mama naanza kumpenda. Huenda Ramata pawe na mwanamke anayepita nyumba kwa nyumba na saa ambayo hairudishwi magharibi.

#24 BintiShangani
Na Mamlaka itamnyima leseni yeye wa kwanza.

#25 Mkonge_Damu
Nimesoma toka juu sijasema kitu. Mimi ni wa Korogwe. Mnazunguka mbali wakati leseni ya muda babu zetu waliibeba mfukoni. Kipande.

Kwa vijana wasiojua: babu yangu alikata mkonge kwenye shamba moja la mzungu. Mkataba haukuwa wa mwezi, ulikuwa wa kipande, kadi ya siku thelathini za kazi. Unapewa kazi yako ya siku, idadi ya matita ya majani. Ukimaliza unatiwa alama. Ukiumwa saa sita mchana, ukabakisha tita mbili, alama hakuna. Siku ile umefanya kazi lakini haipo. Ndiyo maana kipande cha siku thelathini kiliweza kuchukua mwezi na nusu, na mshahara wa kipande unausubiri mpaka kijae.

Sasa rudi kwenye swali la KalamuKavu. Saa zinazovunwa, na hakuna anayeonekana kupungukiwa kwenye daftari. Jibu ni kwamba zimetoka kwenye siku ambazo hazikutiwa alama. Daftari la Mamlaka ndilo linaloamua siku ipi ilikuwepo. Zuhura asitafute saa 400 kwenye mita. Atafute kwenye karatasi ambazo hazikupigwa muhuri.

#26 Fundi Mwanga
Shikamoo mzee. Nimesoma mara mbili.

#27 Mkonge_Damu
Marahaba. Mimi siyo mzee, babu ndiye alikuwa mzee.

#28 Nyanya_Mbichi
Huku Kenya kipande ilikuwa ya kuvaa shingoni ndani ya kikopo cha chuma. Ilianza na Waingereza, baada ya Vita vya Kwanza. Kwa hiyo ni sisi tulitangulia kwa hayo mateso.

#29 Msomi_Kiasi
Kwa kadi za kazi, upande huu ulitangulia. Usambara, wilaya ya Wilhelmstal, ambayo leo ni Lushoto, Wajerumani walianzisha kadi mwaka 1907: kila mwanaume mzima afanye kazi siku thelathini kwa mzungu ndani ya kila miezi minne. Asiyejaza kadi alipelekwa kwenye kazi za serikali. Ya Kenya ilikuwa zaidi kitambulisho cha kufuatilia nani ametoroka kazini, hii ilikuwa kadi ya kuhesabu siku.

Na ona jinsi ilivyogeuzwa. Kadi ile haikumpa mtu haki ya kutumia muda wa ziada. Ilimpa ruhusa ya kutumia muda wake mwenyewe, akishamaliza wa wengine.

#30 KalamuKavu
Nina majibu manne sasa na yote yananivuta. Kisiwa kizima kinacheleweshwa (Mwalimu na BintiShangani). Ni usingizi wa wachache (Nyanya_Mbichi). Ni siku zisizotiwa alama (Mkonge_Damu). Ni mtiririko tu kama mto, hakuna aliyeibiwa (Baridi_Kali).

#31 Kijiwe_Nongwa
La tano langu, na leo siyo utani. Ni foleni.

Fikiria: ili upate leseni unakwenda ofisi ya Mamlaka. Unaambiwa lete picha mbili. Kesho unaambiwa picha ziwe na rangi ya bluu nyuma. Keshokutwa mhusika yuko semina. Watu mia mbili wamekaa kwenye mabenchi kila siku, saa mbili mbili. Mia mbili mara mbili ni ngapi, mwalimu?

#32 Mwl. Nukta
Mia nne. Saa 400 kamili. Ee Mungu wangu.

#33 Fundi Mwanga
Hahaha, huyu jamaa tulimdharau toka #2!

#34 Kijiwe_Nongwa
Kwa hiyo ofisi ya leseni ndiyo mgodi wenyewe. Chini ya mabenchi kuna bomba. Ndiyo maana hakuna anayelalamika kuibiwa, kila mtu anaamini alikuwa anasubiri huduma. Na ndiyo maana Mamlaka haitaki kamwe kuweka maombi ya mtandaoni.

#35 Msomi_Kiasi
Tatizo: mwenye leseni akishapata hapangi foleni tena. Mgodi utakauka.

#36 Kijiwe_Nongwa
Leseni inahuishwa kila mwaka, msomi. Umewahi kuhuisha kitu?

#37 BintiShangani
Nzuri, ila bado wavuvi wangu hamjawajibu. Foleni haisogezi bamvua. Kama KalamuKavu anataka kitabu cha kuchekesha achukue foleni. Kama anataka Zuhura apate ushahidi wa kupeleka mahakamani, aende pwani na mvuvi asiye na saa, amuulize maji yamekuwaje mwaka huu.

#38 Mkonge_Damu
Mahakama ya nani? Mahakama nayo ina leseni daraja la kwanza, au hamkufikiria hilo? Jaji anayesoma faili kwa saa tatu ndani ya dakika mia na ishirini hatahukumu dhidi ya kinu.

#39 KalamuKavu
Mahakama sikuiweka popote kwenye madaraja. Naiweka leo.

#40 Msomi_Kiasi
Na mwenye leseni akifa? Kwa kawaida leseni inakufa naye, siyo mali ya kurithi.

#41 BintiShangani
Leseni sawa. Lakini dakika alizokwisha kuzivuna hajazitumia? Hizo ni tereka, mali ya urithi. Marehemu kaacha dakika 240, ana mke, mama na watoto: mke thumuni (moja ya nane), dakika 30. Mama sudusi (moja ya sita), dakika 40. Zilizobaki 170 wanagawana watoto, wa kiume mafungu mawili, wa kike moja. Kadhi wa Ramata atakuwa na kazi.

#42 KalamuKavu
Dada, kwenye riwaya yangu dakika hazihifadhiki. Ukivuna unatumia humohumo ndani ya kinu. Mamlaka imekataza akiba.

#43 Fundi Mwanga
Wamekataza maana yake inawezekana. Wangekuwa na uhakika haiwezekani wasingepoteza wino kuikataza. Kuna kishoka mahali fulani Ramata ana betri ya dakika chini ya kitanda, na nakuhakikishia mteja wake wa kwanza ni ofisa wa Mamlaka.

#44 Nyanya_Mbichi
Betri ya dakika ngapi na anauza pesa ngapi? Nauliza kwa ajili ya rafiki.

#45 Baridi_Kali
Bado nasimama na mto. Mnamtafuta mwizi wakati huenda hayupo. Kesho nikiamka naleta hoja kamili.

#46 Mkonge_Damu
Hata mto, Baridi_Kali, muulize anayelima kule unakoishia.